Mvua, Upweke na Hamu ya Kwao: Maisha ya Mshairi Nâzım Hikmet (1902–1963) Yakitazamwa kutoka Rufiji

1.0 Utangulizi

Mwezi Februari 1963, Tanganyika ikiwa imepata uhuru wake mwaka mmoja na miezi michache tu kabla ya hapo, wajumbe wa nchi nyingi za Afrika na Asia walikutana Moshi katika mkutano wa tatu wa mshikamano wa watu wa mabara hayo mawili. Mwalimu Nyerere aliwahutubia na kuwatahadharisha juu ya kinyang'anyiro cha pili cha Afrika. Katika siku hizo za mshikamano alifika Tanganyika mshairi mwenye umri wa miaka 61, mgonjwa wa moyo, aliyekuwa amevuliwa uraia wa nchi yake miaka kumi na miwili iliyotangulia. Jina lake ni Nâzım Hikmet. Safari hiyo ilizaa mfululizo wa barua za kishairi uitwao Tanganyika Röportajı, yaani taarifa kutoka Tanganyika. Mwezi Juni mwaka huohuo alifariki dunia.

Makala hii inakusudia kusimulia maisha ya mshairi huyo kwa kufuata nyuzi tatu zinazojitokeza mara kwa mara katika ushairi wa kisasa wa Kituruki, nazo ni mvua, upweke na hamu ya mtu kwao. Aidha, inakusudia kuyatazama maisha hayo kutoka mahali maalumu, yaani delta ya Rufiji na Kibiti, ambako mvua, kuhama na kungoja ni sehemu ya mwaka wa mkulima na wa mvuvi. Hoja kuu ni kwamba hamu katika ushairi wa Hikmet haipaswi kuchukuliwa kuwa udhaifu wa mtu binafsi uliojipenyeza katika kazi ya mwanasiasa. Hamu hiyo ndiyo siasa yenyewe, kwa sababu inauliza swali moja zito: nani ana haki ya kuamua kwao mtu ni wapi?

Hoja hii ina umuhimu kwetu. Katika uhakiki wa fasihi ya Kiswahili wa miaka ya 1970 na 1980, dhamira za ukombozi, matabaka na ujenzi wa jamii mpya zilipewa uzito mkubwa, na ilistahiki kuwa hivyo. Hata hivyo, shairi lililozungumzia majonzi au upweke wa mtu mmoja mara nyingi lilitazamwa kwa mashaka, kana kwamba limeikimbia jamii. Maisha ya Hikmet yanatulazimisha kuupima upya mgawanyo huo.

2.0 Maneno Yenyewe

Kabla ya kuingia katika maisha yake, yafaa tuyatazame maneno. Kituruki na Kiswahili havina nasaba moja. Cha kwanza ni cha jamii ya lugha za Kituruki zilizoenea hadi Asia ya Kati, na cha pili ni cha Kibantu. Hata hivyo, lugha zote mbili ni ambishi-bainishi kwa kiasi kikubwa, na zote mbili zimekopa sana kutoka Kiarabu. Mturuki husema şair na şiir pale Mswahili asemapo mshairi na shairi. Husema kalem pale tusemapo kalamu. Na mfungwa humwita mahpus, neno ambalo sisi tunalo katika umbo la mahabusu.

Katika nyuzi zetu tatu kuna jambo la kuvutia. Neno la Kituruki la mvua, yağmur, na la upweke, yalnızlık, ni ya asili ya lugha hiyo, kama vile mvua, upweke na ukiwa yalivyo ya asili katika Kiswahili. Kinyume chake, neno la hamu lililotawala katika mashairi yao, hasret, limetoka Kiarabu, sawa na hamu na shauku za kwetu. Kituruki kina pia neno lake la asili la maana hiyo, yaani özlem, lakini hasret ndilo lililobeba mzigo wa nyimbo za wasafiri, askari na wafungwa. Ni kana kwamba lugha zote mbili zilikuwa na jina la mvua inayonyesha paani na la mtu aliyebaki peke yake ndani, na baadaye zikapokea kutoka nje jina la kile kinachomvuta mtu kwenda mbali au kurudi alikotoka.

Neno lenye uzito mkubwa zaidi kwa makala hii ni memleket. Nalo limetoka Kiarabu, na ni ndugu wa mamlaka ya Kiswahili. Lakini maana zimeachana njia. Kwa Mturuki, memleket ni kwao: nchi yake, mkoa wake, kijiji alikozaliwa. Kwa Mswahili, mamlaka ni nguvu ya kuamuru. Mzizi mmoja umezaa ardhi inayopendwa upande mmoja, na dola inayotawala ardhi hiyo upande wa pili. Maisha ya Nâzım Hikmet yalipita katikati ya maana hizi mbili.

3.0 Malezi na Safari ya Kwanza (1902–1928)

Tarehe inayotajwa kwa kawaida kuwa ya kuzaliwa kwake ni 15 Januari 1902. Alizaliwa Selanik, mji uliokuwa chini ya Dola ya Osmani na ambao leo, kwa jina la Thessaloniki, umo Ugiriki. Mji huo ulitoka mikononi mwa Waosmani mwaka 1912, kwa hiyo mshairi alipokuwa bado mtoto mahali alipozaliwa palikwisha kuwa nchi ya watu wengine. Baba yake, Hikmet Bey, alikuwa mtumishi wa serikali. Mama yake, Celile, alikuwa mchoraji. Babu yake upande wa baba, Nâzım Paşa, alikuwa gavana na mshairi. Upande wa mama alikuwapo babu mkuu aliyezaliwa Mpolandi, Konstanty Borzęcki, ambaye alikimbilia kwa Waosmani katikati ya karne ya 19, akasilimu na kuitwa Mustafa Celaleddin Paşa. Uhamisho, basi, ulikuwamo katika nasaba yake kabla yeye mwenyewe hajaonja uchungu wake.

Alisoma katika shule ya wanamaji kisiwani Heybeliada, karibu na Istanbul. Huko alifundishwa na Yahya Kemal, mmoja wa washairi wakubwa wa kizazi kilichotangulia. Maradhi yalimwondoa katika utumishi wa majini. Wakati huo Istanbul ilikuwa imekaliwa na majeshi ya mataifa yaliyoshinda Vita Kuu ya Kwanza. Mwezi Januari 1921 yeye na rafiki yake Vâlâ Nureddin waliondoka kwa siri kwenda Anatolia kujiunga na harakati za ukombozi wa taifa. Alipewa kazi ya ualimu Bolu. Huko kijana wa nyumba ya kifahari alikutana kwa mara ya kwanza na umaskini wa mkulima wa Anatolia, na mkutano huo haukumtoka maisha yake yote.

Mwaka huohuo alivuka mpaka kwenda Batum, na kutoka hapo akaelekea Moscow. Alijiunga na chuo kikuu cha kikomunisti kilichosomesha watu wa Mashariki, chuo ambacho miaka kumi baadaye kilimpokea pia Jomo Kenyatta. Kwa mujibu wa kumbukumbu zake, akiwa Batum aliona gazetini shairi la Kirusi ambalo hakuweza kulisoma. Alichokiona ni umbo tu: mistari mirefu na mifupi iliyoshuka ukurasani kama ngazi. Mwanaisimu hawezi kulipita tukio hili kimyakimya. Mabadiliko makubwa katika ushairi wa Kituruki yalianza kwa mtu kutazama lugha asiyoijua na kuuona mpangilio wake kabla ya maana yake.

Ushairi wa Kituruki wakati huo ulikuwa na mapokeo mawili ya arudhi. La kwanza, aruz, lilirithiwa kutoka Kiarabu na Kiajemi na lilitegemea urefu na ufupi wa silabi. La pili, hece, lilikuwa la nyimbo za watu na lilihesabu silabi kama sisi tunavyohesabu mizani. Hikmet alianza kwa hece. Aliposafiri kwa treni katika Urusi iliyokumbwa na njaa na kuona watu waliodhoofika kandokando ya reli, alijaribu kuyaweka aliyoyaona katika idadi ileile ya silabi, yakakataa kuingia. Ndipo akaivunja mistari. Alibakiza vina mara nyingi, lakini aliacha urefu wa mstari ufuate pumzi na maana. Mjadala tuliokuwa nao sisi juu ya mashairi huru, hasa baada ya Kichomi ya Euphrase Kezilahabi kutoka mwaka 1974, Waturuki walikuwa nao takriban miaka arobaini na mitano kabla yetu.

Alirejea Uturuki mwaka 1924, akatoroka tena mwaka 1925 serikali ilipowaandama watu wa mrengo wa kushoto, na akarudi mwaka 1928, safari hii akakamatwa mpakani na kufungwa kwa miezi kadhaa.

4.0 Mvua ya Serez (1929–1938)

Mwishoni mwa mwaka 1928 Uturuki iliacha maandishi ya Kiarabu na kuanza kutumia alfabeti ya Kilatini. Mwaka uliofuata Hikmet alichapisha 835 Satır, yaani mistari 835. Hivyo alikuja kwa wasomaji wake na mapinduzi mawili kwa pamoja: hati mpya na umbo jipya. Miaka iliyofuata ilikuwa ya vitabu, magazeti, tamthilia, kesi na vifungo.

Kazi mbili za kipindi hiki zinatuhusu kwa karibu. Ya kwanza ni Taranta-Babu'ya Mektuplar ya mwaka 1935. Humo kijana wa Kihabeshi anayeishi Roma anamwandikia mkewe aliyebaki nyumbani, wakati Italia ya Mussolini ikijiandaa kuivamia nchi yao. Mturuki, ambaye hakuwa amefika Afrika Mashariki, alichagua kuieleza hatari ya ufashisti kwa sauti ya mume wa Kiafrika aliye ugenini. Angeweza kuandika insha ya kisiasa. Alichagua barua ya mapenzi. Mbinu ya barua, iliyokuja kutawala kazi zake za baadaye, ilikuwa tayari mkononi mwake, na msemaji wake wa kwanza mkubwa wa aina hiyo alikuwa mtu wa upande wetu wa dunia.

Ya pili ni utenzi wake juu ya Sheikh Bedreddin, uliotoka mwaka 1936. Bedreddin alikuwa mwanachuoni wa karne ya 15 ambaye wafuasi wake waliasi na kudai ardhi na mali ziwe za wote. Alinyongwa Serez. Katika sehemu ya mwisho ya utenzi huo mvua ya rasharasha inaanguka usiku juu ya soko la mji huo, maduka yamefungwa, watu wamenyamaza, na mwili wa sheikh unaning'inia mtini. Mvua katika ushairi wa Kituruki haikuwa ngeni. Tevfik Fikret alikwisha kutunga shairi maarufu ambamo mapigo ya arudhi yanaiga matone kwenye kioo cha dirisha. Lakini mvua ya Fikret husikika na mtu aliye ndani ya nyumba. Mvua ya Hikmet inamnyeshea mtu asiye na paa, na inanyesha kwa sauti ya chini, kama mazungumzo ya watu wenye hofu. Upweke wa Bedreddin umetokana na mji mzima kushindwa kusema. Hapa mvua na upweke vimekuwa ushahidi dhidi ya mamlaka.

Kitabu hicho ndicho cha mwisho cha mashairi yake kuchapishwa Uturuki akiwa hai.

5.0 Upweke wa Gerezani (1938–1950)

Mwaka 1938 alishtakiwa mara mbili mbele ya mahakama za kijeshi. Hoja ya mashtaka ilikuwa kwamba wanafunzi wa uofisa na mabaharia walisoma vitabu vyake, vitabu ambavyo viliuzwa madukani waziwazi. Adhabu zilipojumlishwa na kupunguzwa zilifikia miaka 28 na miezi minne. Alipelekwa magereza kadhaa, kisha Çankırı, na mwisho Bursa, alikokaa karibu miaka kumi.

Ni rahisi kudhani kwamba gereza lilimfunga mshairi huyu ndani ya nafsi yake. Ushahidi wa kazi zake unaonyesha vingine. Gerezani Bursa alifuma vitambaa kwa mtambo wa mkono ili apate fedha za kumpelekea mkewe. Alimfundisha kijana mfungwa aliyekuja kujulikana kama mwandishi Orhan Kemal, akamshawishi aache mashairi na kuandika nathari, ushauri ulioipa Uturuki mmoja wa waandishi wake bora wa riwaya. Alimpa rangi na brashi kijana wa kijijini, İbrahim Balaban, ambaye akawa mchoraji mashuhuri. Aliitafsiri riwaya ya Tolstoy juu ya vita na amani. Zaidi ya yote, mwaka 1941 alianza Memleketimden İnsan Manzaraları, yaani sura za watu wa nchi yangu, kazi ya mistari ipatayo 17,000, ambamo abiria wa treni, wafungwa, wakulima na askari wanapita mmoja baada ya mwingine. Tuangalie kwamba neno la kwanza la anwani hiyo linajengwa juu ya memleket. Mtu ambaye mamlaka ilimwondoa katika nchi aliikusanya nchi hiyo upya kutokana na simulizi za wafungwa wenzake.

Sambamba na kazi hiyo kubwa alitunga mashairi mafupi kwa mkewe Piraye. Mwaka 1945 alijiwekea ada ya kumtungia kati ya saa tatu na saa nne usiku, na mashairi hayo hujulikana kwa saa hizo. Humo hali ya hewa ni habari muhimu, kwa kuwa mfungwa na mkewe walio katika miji miwili wanaweza kushiriki majira tu: vuli inayoingia, mvua, theluji ya kwanza. Ni mashairi ya nafsi, lakini vita vinavyokwisha Ulaya na mkate ulioadimika nyumbani vimo ndani yake bila kulazimishwa.

Uaminifu wa kitaaluma unatudai tutaje pia gharama ya hamu hiyo kwa waliokuwa upande wa pili wa barua. Piraye alimngoja kwa zaidi ya miaka kumi. Karibu na mwisho wa kifungo mapenzi ya mshairi yalihamia kwa Münevver Andaç. Upweke wa mshairi umehifadhiwa katika vitabu vinavyosomwa duniani kote, ilhali upweke wa mwanamke aliyemngoja umefika kwetu kupitia kalamu ya mume tu. Mhakiki anayesifu mashairi haya hana budi kukumbuka kwamba tunasikia sauti moja katika mazungumzo ya watu wawili.

Mwaka 1950 kampeni ya kudai aachiliwe ilienea Uturuki na nje yake. Mjini Paris ilimhusisha mshairi Tristan Tzara. Mshairi mwenyewe aligoma kula. Mama yake, aliyekuwa karibu kupofuka, alisimama kwenye daraja la Galata kukusanya saini. Washairi Orhan Veli, Oktay Rifat na Melih Cevdet, waliokuwa na mwelekeo tofauti kabisa wa kisanaa, waligoma kula kumuunga mkono. Baada ya uchaguzi wa mwezi Mei kuleta chama kipya madarakani, msamaha wa jumla ulitolewa, naye akatoka gerezani mwezi Julai. Mwaka huohuo alitunukiwa tuzo ya kimataifa ya amani pamoja na watu kama Pablo Picasso, Paul Robeson na Pablo Neruda.

6.0 Uhamishoni (1951–1963)

Uhuru wake haukudumu mwaka. Mtoto wake na Münevver, Mehmet, alizaliwa mwaka 1951. Muda mfupi baadaye mshairi, akiwa na umri wa miaka 49 na moyo mgonjwa, aliitwa kwenda kutumikia jeshi. Akihofia maisha yake, tarehe 17 Juni 1951 alitoroka kwa mashua ya injini iliyoendeshwa na kijana Refik Erduran, wakaingia Bahari Nyeusi na kuifikia meli ya Romania. Tarehe 25 Julai serikali ilimvua uraia. Baadaye alipokea uraia wa Polandi na kutumia jina la babu mkuu wake, Borzęcki. Münevver na mtoto walibaki Istanbul chini ya macho ya polisi hadi walipoweza kuondoka mwaka 1961. Wakati huo mshairi alikwisha kumwoa Vera Tulyakova, mwanamke wa Kirusi.

Moscow ilimpokea kwa heshima, lakini haikumnyamazisha. Mnamo mwaka 1956 aliandika tamthilia ya kuukejeli urasimu na ibada ya wakubwa, na tamthilia hiyo iliondolewa jukwaani Moscow baada ya maonyesho machache. Kwa hiyo tusiuone uhamisho wake kama hadithi nyepesi ya mtu aliyetoka katika giza akaingia katika nuru. Mamlaka aliyoikimbilia nayo ilikuwa mamlaka.

Mashairi ya miaka hii ndiyo kilele cha hamu yake. Katika shairi la wosia la mwaka 1953 anaomba azikwe katika makaburi ya kijiji cha Anatolia, chini ya mti. Katika shairi la mwaka 1962 msemaji ameketi dirishani mwa treni kati ya Prague na Berlin, jioni inaingia, na anaanza kuhesabu vitu ambavyo hakujua kwamba amekuwa akivipenda: ardhi, mito, barabara, maua, theluji, na mvua. Mvua hapa si ile ya Serez tena. Imekuwa kitu cha kupendwa kwa kuwa tu inanyesha, na mtu anatambua hivyo akiwa amechelewa, yu safarini, mbali na kwao. Mtu aliyenyimwa nchi anaanza kuipenda dunia yote kwa kituo, akiitaja kimoja kimoja.

Miezi michache baadaye ndipo alipokuja Tanganyika. Akarejea kwenye umbo lake la zamani, barua kwa mke. Mwaka 1935 alibuni Mwafrika aliye Ulaya akimwandikia mkewe Afrika. Mwaka 1963 yeye mwenyewe, mtu wa Istanbul asiye na Istanbul, alikuwa Afrika akimwandikia mkewe Ulaya. Duara hilo lilikamilikia katika ardhi yetu. Shaaban Robert alikuwa amefariki Tanga mwezi Juni 1962, miezi minane tu kabla ya ujio huo. Washairi wawili walioishi katika zama moja, walioshuhudia lugha zao zikihamia hati ya Kilatini na walioandika kwa uchungu juu ya kutengana na wapenzi wao, walikosana kwa muda wa vuli moja tu.

Nâzım Hikmet alifariki Moscow kwa maradhi ya moyo asubuhi ya tarehe 3 Juni 1963. Alizikwa katika makaburi ya Novodevichy. Vitabu vyake vilianza kuchapishwa tena Uturuki mwaka 1965. Uraia wake ulirejeshwa mwezi Januari 2009, miaka 46 baada ya kifo chake. Wosia juu ya kaburi haujatimizwa.

7.0 Kumsoma Hikmet Rufiji

Msomaji wa Kibiti au wa visiwa vya delta hahitaji maelezo marefu ili auelewe ushairi huu. Mto Rufiji hupata maji yake kutoka mbali: Kilombero na Luwegu hukutana na kuufanya mto, na Ruaha Mkuu huungana nao chini zaidi. Mtu wa bondeni aweza kupata mafuriko ya mvua ambayo hakuiona ikinyesha. Mvua kwake, basi, ni habari itokayo mbali, njema au mbaya. Inaleta udongo unaorutubisha shamba la mpunga, na inaweza kuizoa nyumba, kama ilivyotokea Rufiji na Kibiti mwezi Aprili 2024.

Vilevile, upweke una umbo lake huko. Mpunga unapokaribia kukomaa, mkulima hukaa katika dungu, kibanda kilichoinuliwa juu ya nguzo, akilinda ndege na wanyama, mara nyingine mbali na watu wake kwa majuma mengi. Na hamu ina historia yake. Kwa vizazi vingi boriti za mikoko ya delta zilisafirishwa kwa majahazi hadi Uarabuni, na kila jahazi lililoondoka na upepo wa kusi liliacha watu wakihesabu siku.

Lakini ulinganisho ulio mzito zaidi ni wa kuhamishwa. Baada ya mafuriko ya mwaka 1968, wakazi wengi wa bonde la Rufiji walihamishiwa nchi ya juu katika vijiji vya ujamaa. Nia iliyotajwa ilikuwa njema: usalama, shule, zahanati, maji. Hata hivyo, udongo wenye rutuba ulibaki bondeni, na watu wakaendelea kuurudia kila msimu, wakalala madunguni karibu na mahame yao. Haifai kuilinganisha hatua hiyo na kifungo au kuvuliwa uraia. Sababu ni tofauti na ukali ni tofauti. Kinachofanana ni swali. Mamlaka husema kwako ni hapa; moyo, na jembe pia, husema kwangu ni kule. Mrufiji aliweza kurudi kwa msimu. Hikmet hakuweza kurudi hata kwa siku moja, na kwa sababu hiyo alirudi kwa mashairi.

Tukiyatazama mambo hivi, shairi la mkulima anayelalamikia upweke wa dunguni, au la mwanamke anayemngoja mvuvi au mhamiaji aliyekwenda Dar es Salaam, haliwezi tena kutengwa na mashairi ya kijamii. Ndani ya upweke huo mmekaa suala la ardhi, la kazi na la nani aliamua watu waishi wapi.

8.0 Hitimisho

Makala hii imejaribu kuonyesha kwamba katika maisha ya Nâzım Hikmet mvua, upweke na hamu vilibadilika pamoja na hali yake. Mvua ilianza kama shahidi wa kunyongwa kwa mwanachuoni, ikawa habari ya pamoja kati ya mfungwa na mkewe, ikaishia kuwa kitu kipendwacho na mtu asiye na kwao. Upweke, ambao gereza lilikusudia umvunje, ulimfanya awakusanye watu wa nchi nzima katika utenzi mmoja, ingawa wanawake waliomngoja waliulipia upweke huo kwa namna ambayo vitabu vyake havikuisema yote. Na hamu ilikuwa jina la mgogoro kati ya memleket na mamlaka.

Kuna mambo mawili yanayostahili kufanywa. La kwanza ni kuzitafsiri kwa Kiswahili barua zake za Tanganyika moja kwa moja kutoka Kituruki, kwa kuwa sisi ndio wenyeji tuliozungumziwa humo. La pili ni kukusanya nyimbo na mashairi ya hamu na upweke ya delta ya Rufiji, ya madunguni na ya mashuani, kabla wazee waliohamishwa mwaka 1969 hawajatuacha. Wengi wao sasa wamekwisha kupindukia miaka sabini, na wengine waliokuwa watu wazima wakati huo wamekwisha kutangulia.